Uso Usio na Haraka: Sanaa ya Magdalena Montezuma

Alizaliwa Würzburg, Ujerumani, akaitwa Erika Kluge. Wapenzi wa sinema huru wanamjua kwa jina alilolivaa kazini: Magdalena Montezuma. Kuanzia mwishoni mwa miaka ya 1960 alikuwa nguzo ya filamu za mwongozaji Werner Schroeter, zilizotengenezwa kwa fedha kidogo mno. Katika nyingi za mwanzo, Schroeter mwenyewe alishika kamera ya milimita 16, na akashiriki kuhariri. Montezuma aliigiza, na mara nyingi akashughulikia mavazi na vipodozi pia.

Tuanze na vipodozi. Poda inang'arisha uso hadi mashavu yanajichora yenyewe. Wanja unakoza macho na kurefusha nyusi. Midomo inapakwa rangi nzito. Pasipo fedha za kujenga mandhari, uso huo ndio unaobeba jumba lote la opera.

Kisha uso unawekwa mbele ya kamera. Katika *Der Tod der Maria Malibran* (1972), filamu inayomhusu mwimbaji wa opera aliyefariki mwaka 1836 akiwa na umri wa miaka 28, nyuso zinapigwa kwa karibu sana. Montezuma hana haraka. Kichwa kinageuka taratibu, kama cha mtu aliyejitwika ndoo iliyojaa pomoni. Macho yanabaki wazi muda mrefu kuliko tulivyozoea, na hakuna msuli unaocheza bila kutumwa.

Inafuata sauti. Muziki uliunganishwa na picha baadaye, mezani kwa mhariri, na Schroeter hakutaka midomo ilingane kabisa na wimbo. Hapo ndipo ustadi unapopimwa. Mwigizaji mwingine angeonekana amekosea. Kwa Montezuma, noti inakwisha na kinywa bado kimeachama, nasi tunayaona maumivu ambayo sikio limeshayapita.

Nidhamu hiyohiyo aliihamishia kwenye mwili mzima. Katika *Salome* (1971), iliyopigwa kwenye magofu ya Baalbek, Lebanoni, aliigiza mfalme Herode. Miaka kumi baadaye, katika *Freak Orlando* ya Ulrike Ottinger, alikuwa Orlando anayepita zama baada ya zama kwa vipindi vitano. Mavazi yanabadilika, jinsia inabadilika. Mabega yaliyonyooka na hatua iliyopimwa ndivyo vinavyotuhakikishia kwamba bado ni yeye.

Filamu yake ya mwisho, *Der Rosenkönig*, aliiandika pamoja na Schroeter, wakaipiga Ureno akiwa mgonjwa sana. Alifariki Julai 1984. Filamu ikatoka mwaka 1986. Hata humo hakulegeza kipimo chake: kila mkono unaoinuka unafika mwisho wa safari yake kabla ya kushuka. Anayejifunza kuigiza na aitazame bila kuruka hata dakika moja, kwa maana subira ya namna hii hujifunzwa kwa kutazamwa.