Fanta ya chungwa, ukiondoa chungwa

Mwaka 2007 mfanyabiashara mmoja wa Lagos alisafirisha soda kwenda Uingereza, zikiwemo Fanta na Sprite zilizotengenezwa Nigeria kihalali kabisa. Maofisa wa huko walipozipima wakakuta kihifadhi, yaani asidi ya benzoiki, kimezidi kiwango chao, na kwenye Fanta rangi ya njano nayo imezidi. Mzigo ukaharibiwa. Jamaa akarudi kwao akafungua kesi, na Februari 2017 Mahakama Kuu ya Lagos ikaiagiza NAFDAC, mamlaka ya chakula na dawa ya Nigeria, ihakikishe chupa za Fanta na Sprite zinaandikwa onyo kwamba zisinywewe pamoja na vitamini C.

Utetezi wa kiwanda ulikuwa mwepesi: soda hizi zilitengenezwa kwa ajili ya soko la Nigeria, na zimetimiza viwango vya Nigeria. Ni kweli. Uingereza ilikuwa inaruhusu miligramu 150 za kihifadhi hicho kwa lita, Nigeria 250 kwa kilo. Kisheria hoja inasimama. Ila sikiliza inachokiri: Fanta ya Lagos na Fanta ya London ni vitu viwili vinavyotumia jina moja. Hilo matangazo hayasemi hata siku moja. Matangazo yana kipande cha chungwa, tone la maji baridi, na vijana wanaocheka.

Kwa historia yake, jina hili halikuanza na chungwa hata kidogo. Lilizaliwa Ujerumani wakati wa Vita vya Pili vya Dunia, pale tawi la Coca-Cola la huko lilipokosa malighafi za Coke kutoka Marekani. Mkuu wake, Max Keith, akaagiza kitengenezwe kinywaji kwa mabaki yaliyopatikana: maji yanayobaki baada ya kutengeneza jibini, na makapi ya tufaha yaliyokwisha kukamuliwa. Jina likatokana na neno la Kijerumani lenye maana ya ubunifu wa kufikirika, na kwa kweli walihitaji kufikirika sana. Chungwa lilikuja mwaka 1955, Naples, Italia. Mwaka 2015 kampuni ilipoadhimisha miaka 75 ya Fanta, tangazo moja la Ujerumani liliizungumzia enzi hiyo ya mwanzo kana kwamba ilikuwa zama nzuri za kale. Watu wakauliza: zama nzuri zipi, za Hitler? Likaondolewa.

Sasa tufungue chupa zenyewe. Italia sheria ilidai kinywaji kinachojiita cha chungwa kiwe na juisi isiyopungua asilimia 12, na tangu 2018 kiwango hicho kikapandishwa hadi asilimia 20 kwa vinavyotengenezwa na kuuzwa humo nchini. Kwa asilimia 12, kopo la mililita 330 lina takriban mililita 40 za juisi, sawa na vijiko vinane vya chai. Si nyingi, lakini ipo. Vuka bahari uende Marekani: juisi sifuri. Kuna maji yenye gesi, sharubati ya mahindi yenye fruktosi nyingi, asidi ya sitriki, ladha, kihifadhi na rangi mbili bandia. Kwa hiyo kinachoamua kama chungwa litaingia ndani ya soda ya chungwa ni bunge la nchi husika. Mpishi wa kampuni angeweza kuliweka popote, maana Italia anaweza.

Kitu kinachonivutia zaidi kwenye chupa ya Kimarekani ni ule ukungu wake. Juisi halisi huwa na ukungu kwa sababu ya nyama ya tunda. Pasipo tunda, ukungu lazima utengenezwe. Mafuta ya ganda la chungwa ni mepesi kuliko maji, yakiachwa yataelea juu na kufanya utando shingoni mwa chupa. Dawa yake ni kuyaongezea uzito kwa kitu kizito kinachochanganyika nayo. Zamani Marekani walitumia mafuta ya mimea yaliyotiwa bromini. Mwaka 2014 Coca-Cola ikatangaza kuachana nayo, na mwaka 2024 serikali ikayafutia kibali. Siku hizi kazi hiyo inafanywa na kemikali itokanayo na utomvu wa msonobari. Kama ujuzi wa kemia, nawavulia kofia. Kama uaminifu kwa mnywaji, hapana: sehemu ya kazi hiyo ni kumfanya mtu aone juisi mahali ambapo juisi haipo.

Sukari nayo ni hivyohivyo. Kopo la Marekani la mililita 355 lina gramu 44, yaani vijiko 11 vya chai ukikadiria gramu nne kwa kijiko. Shirika la Afya Duniani linashauri sukari ya kuongezwa isizidi takriban gramu 50 kwa siku kwa mtu mzima, na ikibidi ishuke hadi 25. Kopo moja tu na siku karibu imekwisha! Uingereza ilipoleta kodi ya soda, iliyoanza Aprili 2018 kwa vinywaji vyenye gramu 5 au zaidi kwa kila mililita 100, Fanta ya huko ilishushwa hadi gramu 4.6. Angalia hiyo namba vizuri. Haikushuka hadi 3, haikushuka hadi 2. Ilisimama chini kidogo tu ya mstari wa kodi, na utamu uliopungua ukafidiwa na vitamu bandia.

Rangi ndiyo sehemu inayoniudhi. Mwaka huohuo wa 2007, watafiti wa Southampton walichapisha kwenye jarida la Lancet jaribio la watoto 153 wa miaka mitatu na 144 wa miaka minane na tisa, waliopewa vinywaji vyenye mchanganyiko wa rangi bandia pamoja na kihifadhi cha benzoeti. Tabia ya kuhangaika iliongezeka kidogo kwa baadhi yao. Matokeo hayakuwa makubwa, na kwa kuwa vitu vilichanganywa huwezi kusema kipi hasa kilisababisha. Hata hivyo Ulaya iliamua kwamba tangu Julai 2010 chakula chenye rangi yoyote kati ya sita zilizotajwa kiandikwe onyo kuhusu utulivu wa watoto. Kampuni nyingi ziliona onyo hilo ni sumu kwa biashara, na Fanta ya Uingereza ikawa inapakwa rangi kwa karotini, familia ileile inayoipa karoti rangi yake. Ya Marekani imebaki na Njano namba 6 na Nyekundu namba 40, ambazo Ulaya zinaitwa E110 na E129. Zote mbili zimo kwenye ile orodha ya sita. Basi ujuzi wa kutengeneza Fanta isiyo na rangi hizo upo, viwanda vipo, na inauzwa kila siku. Sioni sababu ya kisayansi ya mtoto wa Ohio kupewa tofauti na mtoto wa Leeds.

Turudi Lagos, maana pale upande wa walalamikaji nao ulikoroga mambo. Asidi ya benzoiki hufanya kazi vizuri kwenye uchachu. Kwenye pH ya karibu 3, kama ilivyo soda, molekuli zake nyingi hazina chaji, kwa hiyo hupenya utando wa seli ya hamira au ukungu, kisha huko ndani huachia asidi na kuvuruga shughuli zote. Shida ni kwamba ikikaa chupani pamoja na vitamini C na chembe za chuma au shaba, inaweza kugeuka polepole kuwa benzeni, ambayo husababisha saratani. Mwendo huo unaharakishwa na joto na mwanga. Haya hutokea ndani ya chupa, kwa siku na wiki. Kula chungwa kisha ukashushia Fanta si jambo lilelile, kwa hiyo onyo la mahakama lilimwelekeza mnywaji kwenye hatari isiyo yenyewe. Na hata penye hatari yenyewe kiasi ni muhimu: wakaguzi wa Marekani walipopima soda nyingi kati ya 2005 na 2007, nyingi zilikuwa chini ya mikrogramu 5 za benzeni kwa lita, kiwango chao cha maji ya kunywa. Chache zilizidi, na zikabadilishwa fomula.

Ila utetezi wa serikali ya Nigeria kwamba nchi za joto zinahitaji kihifadhi zaidi una ncha mbili. Joto linaotesha ukungu haraka, sawa. Joto hilohilo, kreti zikianikwa juani nje ya duka mchana kutwa kama tunavyoziona Tandale au Kariakoo, ndilo linaloharakisha benzeni kama vitamini C imo. Ukitumia hali ya hewa kutetea kipimo kikubwa, itumie pia kudai vivuli, maghala yenye ubaridi na vipimo vya mara kwa mara vya chupa zilizokwishafika dukani, maana kipimo cha kiwandani hakijui soda ilikaa wapi mwezi mzima.

Na hapa lebo haitusaidii. Geuza chupa yoyote yenye benzoeti: utakuta jina lake, au E211, basi. Kiasi hakiandikwi. Hata kwenye chupa za Uingereza hakiandikwi. Yule mfanyabiashara angeisoma lebo yake mara mia kabla ya kupakia kontena, asingeona tofauti kati ya miligramu 150 na 250. Ilihitajika maabara.