Mhubiri na Ngoma

Neno "ngoma" lina kazi nyingi katika Kiswahili. Chombo kinachopigwa huitwa ngoma. Mchezo wa watu wanaofuata mlio wa chombo hicho ni ngoma. Arusi ina ngoma, jando lina ngoma, na hata tiba ya mwenye pepo huitwa ngoma. Mtu asemaye kwamba ngoma ni dhambi amehukumu mambo manne au matano kwa jina moja. Hukumu ya namna hiyo ilitolewa mara nyingi na wahubiri waliokuja Afrika ya Mashariki. Yafaa tuipime kwa haki: tusiwatukane walioitoa, wala tusiikubali kwa sababu tu ilitoka mimbarani.

Yatupasa kuanza mbali kidogo, kwa kuwa baadhi ya mahubiri yaliyofika magharibi ya Kenya yalitoka Marekani, na huko ugomvi wa dini na ngoma ni wa zamani. Katika karne ya 17 Wapuritani, yaani Waprotestanti wa msimamo mkali waliohama Uingereza, walijenga miji yao katika pwani ya Massachusetts. Mwaka 1627 mtu mmoja aitwaye Thomas Morton alisimamisha mlingoti mrefu mahali palipoitwa Merrymount, na watu wakauzunguka wakicheza na kunywa. Mwaka uliofuata John Endecott, kiongozi wa Wapuritani, aliukata mlingoti huo. Na mwaka 1684 kilitokea mjini Boston kitabu kidogo cha kuishambulia dansi, ambacho husemwa kuwa ni kazi ya mchungaji Increase Mather. Katika jina la kitabu hicho dansi ndiyo shabaha, na mafundisho ya Maandiko ndiyo mshale.

Msomaji anayekisia tu atadhani kwamba Mather alikataza kila mruko wa mguu. Sivyo. Alikiri kwamba kucheza kwa furaha au kwa kuonyesha nguvu si dhambi kwa asili yake. Alijua vema kwamba Mfalme Daudi alicheza mbele ya Sanduku la Agano, na Miriamu akashika matari baada ya kuvuka bahari. Alichokilaani ni dansi ya wanaume na wanawake waliochanganyika pamoja. Na hata katika jambo hilo wenziwe hawakuwa wa nia moja. Mchungaji John Cotton, ambaye baadaye alihamia Boston, aliandika mwaka 1625 kwamba haikatai hata dansi ya mchanganyiko, ila ile yenye maneno na ishara za ashiki. Basi tangu mwanzo kulikuwa na mahakimu wawili: mmoja alitazama ni nani wanaocheza, wa pili alitazama wanacheza kwa nia gani. Kwa maoni yangu Cotton alikuwa hakimu bora. Miili ya watu yaweza kukaa mbali mbali na mioyo yao ikawa michafu. Yaweza pia kukaribiana kwa heshima, kama ndugu wanavyofanya katika arusi.

Ajabu ni kwamba walio maadui katika mambo mengine walipatana katika hili. Kati ya mwaka 1659 na 1661 watawala wa Boston waliwanyonga watu wanne wa madhehebu ya Marafiki, waitwao pia Quakers. Lakini Marafiki nao waliepuka muziki na dansi, wakiziona kuwa anasa zinazoipotosha roho. Ukali huo ulivuka bahari. Mwaka 1902 Waamerika watatu wa madhehebu hayo, Arthur Chilson, Willis Hotchkiss na Edgar Hole, walifungua misheni yao Kaimosi, katika nchi ya Watiriki. Waongofu wao walitakiwa kuacha pombe, tumbako na ngoma za kienyeji. Jirani yao, katika nchi ya Waisukha, mapadre wa Mill Hill walianzisha Misheni ya Mukumu mwaka 1906. Wakatoliki hawakuwa wakali kama Marafiki katika habari za pombe na tumbako, lakini katika misheni nyingi za siku zile Mkristo mwema alitegemewa aonekane kanisani zaidi kuliko uwanjani.

Sasa tuitazame ngoma yenyewe. Waisukha na Waidakho wana isukuti, iliyopata jina lake kutokana na ngoma zinazopigwa: tatu kwa pamoja, kubwa, ya kati na ndogo. Pembe ya mnyama hulia, njuga na vyuma hutikiswa, mwimbaji mmoja huongoza na wengine humwitikia. Huchezwa mtoto anapozaliwa, katika jando, katika arusi, katika mazishi, na fahali anapopelekwa uwanjani kupigana. Wanaume huwa katika safu yao na wanawake katika yao. Hebu mwite Mather aketi hapo awe hakimu. Kwa kipimo chake mwenyewe cha wanaume kando na wanawake kando, hoja yake kuu ingepungua nguvu mara moja. Kumbe sheria iliyotungwa kwa ajili ya dansi za Ulaya ilisafirishwa na kuwekwa juu ya mchezo ambao mwenye kuitunga hakupata kuuona.

Lakini haitakuwa haki kusema kwamba wahubiri hawakuwa na hoja. Shtaka lao zito halikuwa la ashiki, bali la ibada. Waliona kwamba ngoma ya mazishi inasema neno juu ya wafu, na ngoma ya jando inasema neno juu ya utu uzima, na maneno hayo hayakuwa yao. Waliona pia ulevi wa usiku na mabinti walioharibikiwa. Mambo hayo yalikuwako, na mzazi yeyote angeyachukia. Kosa lao ni kwamba walimtupa jongoo pamoja na mti wake. Palipokuwa na pombe mbaya na ngoma njema, vyote viwili vilikatazwa. Na kijana aliyetii aliondolewa katika mazishi ya babu yake, mahali ambapo ukoo wote ulikuwa ukifundishana habari zake.

Tena ngoma iliyokatazwa haikunyamaza. Mwaka 1929, misheni zilipowabana Wakikuyu katika habari ya tohara ya wasichana, ulizuka mchezo ulioitwa Muthirigu, ambao nyimbo zake ziliwadhihaki wamisheni na wakuu wa serikali. Mapema mwaka 1930 serikali iliupiga marufuku. Mtu aweza kuipinga tohara hiyo, kama nipingavyo mimi, na bado akaliona fundisho lililomo: watu walionyimwa nafasi ya kusema katika baraza walisema kwa miguu yao.

Wala ugomvi huu si wa Wakristo peke yao. Huko Lamu, Habib Saleh, sharifu mwenye asili ya Ngazija na mwanzilishi wa Msikiti wa Riyadha, alipoyaingiza matari katika maulidi, wapo wakubwa wa mji waliochukia. Lakini desturi hiyo ilibaki, na maulidi ya Lamu yamepata sifa pwani nzima. Nao Wakatoliki walibadili mwendo. Mtaguso wa pili wa Vatikano uliagiza mwaka 1963 kwamba muziki wa mataifa upewe heshima yake katika ibada. Mwaka 1975 gazeti la ofisi ya Roma inayosimamia ibada lilieleza kwamba dansi haifai kuingizwa katika misa za nchi za Magharibi, kwa kuwa huko imekuwa burudani tu; bali kwa watu ambao kwao kucheza bado ni kusali, hali ni nyingine. Na mwaka 1988 Roma ilikubali utaratibu wa misa kwa majimbo ya Zaire, nchi ambayo sasa ni Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo. Katika misa hiyo padre huizunguka altare akicheza, na wahenga wema hutajwa.

Angalia hoja ya mwaka 1975, kwa maana ndiyo iliyopungua kwa Mather na kwa Kaimosi. Haiulizi kama viungo vinatikisika. Inauliza: ngoma hii ina kazi gani kwa wale wanaoicheza? Hilo ndilo swali la haki. Lakini ni upanga wenye makali mawili, nasi pia laweza kutukata. Mwaka 2014 shirika la UNESCO liliiandika isukuti katika orodha ya urithi unaohitaji kuokolewa kwa haraka, kwa sababu wengi wa wajuzi wake ni wazee, na warithi ni haba. Haikufika hapo kwa mahubiri peke yake. Hucheza leo watu waliolipwa ili kumpokea mgeni mkubwa. Hucheza wanafunzi ili washinde kikombe. Si vibaya kushinda kikombe. Lakini ukimwuliza mchezaji wimbo ule ulitungiwa tukio gani, na mbona pembe hulia hapo, mara nyingi hana jibu. Mhubiri aliyeiogopa isukuti alijua angalau kwamba inasema neno. Sisi tunaoishangilia tumeanza kuisahau kauli yake.

Kwa hiyo, mwanafunzi, usiridhike kuitetea ngoma ya kwenu kwa makofi. Wako wazee ambao bado wanajua nyimbo za kuzaliwa na za kuzikwa. Nenda kwao na daftari, uwaulize maana ya maneno, uandike. Ndipo siku mtu atakapokuambia kwamba ngoma ni dhambi utaweza kumwuliza, "Ngoma gani?" na wewe mwenyewe utakuwa unalijua jibu.