Barafu Ina Majirani

Vitabu vingi kuhusu Aktiki vina ugonjwa mmoja: havina majirani. Fungua chochote kati ya vile vya wapelelezi wa zamani. Utakuta mwanamume mwenye ndevu zilizoganda, upepo, mbwa, na ramani yenye sehemu nyeupe inayongoja kujazwa. Watu wanaoishi huko wanajitokeza kidogo tu, pale mgeni anapohitaji nguo za ngozi, nyama, au mtu wa kumwonyesha njia. Kazi ikiisha, wanatoweka ukurasani. Barafu inabaki uwanja mtupu wa mtu wa mbali kujipima nguvu.

Sisi wa Eastlands tunaujua ugonjwa huu, ila kwetu ulikuja kichwa chini miguu juu. Tukiandikwa, tunaandikwa tukiwa wengi mno. Umati, mabati, mtaro, watoto wanaopungia kamera mkono. Wasee kibao, lakini hakuna hata mmoja mwenye jina, deni la dukani na jirani aliyemnunia. Barafu isiyo na mtu na ghetto isiyo na jina ni picha mbili zilizopigwa kwa tabia ile ile: mpiga picha alipita njiani na hakuingia keja ya mtu.

Kwa hivyo nina kipimo kimoja cha vitabu vya nchi za mbali, na nakitumia bila huruma. Je, mwandishi aliingia ndani ya nyumba? Na akiwa ndani, kuna mtu aliyemwangalia yeye pia?

Tuanze na kisa kinachojulikana. Mwaka 1909 Mmarekani Robert Peary alitangaza kwamba amefika Ncha ya Kaskazini. Hadi leo wataalamu wanabishana kama alifika kweli. Kisichobishaniwa ni kwamba hakuwa peke yake. Alikuwa na Wainuit wanne, Ootah, Egingwah, Seegloo na Ooqueah, pamoja na Matthew Henson, Mmarekani mweusi aliyekuwa amesafiri naye kwa miaka mingi na aliyeongea lugha ya wenyeji kuliko bosi wake. Henson aliandika kitabu chake mwaka 1912, A Negro Explorer at the North Pole. Nakiheshimu kwa sababu kinawakumbuka wenzake wa safari, lakini ni kitabu cha mtu anayeandika akiwa kwenye kivuli cha mwajiri. Safari ilikuwa ya Peary, na mipaka ya stori pia ilikuwa ya Peary. Henson alikuwa na kila sababu ya kwenda Aktiki, isipokuwa ile moja ambayo mtu mweusi huruhusiwa kuwa nayo mara chache sana: kutaka tu kuona.

Sababu hiyo ndiyo iliyompeleka Tété-Michel Kpomassie, kijana wa Togo, na ndiyo inayofanya kitabu chake kuwa bora kuliko vyote vya aina hii nilivyosoma. Kilitoka kwa Kifaransa mwaka 1981, L'Africain du Groenland, kisha kwa Kiingereza mwaka 1983 kama An African in Greenland. Toleo la Penguin la mwaka 2022 linaitwa Michel the Giant. Ukiliona jina lolote kati ya hayo, jua ni kitabu kile kile.

Stori yenyewe, ukiisikia mara ya kwanza, utadhani unachezewa shere. Kijana anapanda mnazi, anakutana na nyoka huko juu, anaanguka na kuumia vibaya. Familia inampeleka msituni kwa kuhani wa kike wa chatu, anapona, na malipo ya kuponywa yanakuwa makubwa: baadaye atatakiwa kurudi awe mtumishi wa chatu hao. Akiwa bado anauguza mwili, anaingia duka la vitabu mjini Lomé na kununua kitabu cha Mfaransa Robert Gessain kuhusu watu wa Greenland. Jaladani kuna mwindaji aliyevaa ngozi. Ndani anasoma juu ya nchi isiyo na miti wala nyoka. Basi, ameamua.

Mwishoni mwa miaka ya 1950 anatoroka nyumbani. Anapanda kidogo kidogo kupitia nchi za Afrika Magharibi, anafanya kazi, anaweka akiba, anajifunza lugha, anavuka kwenda Ulaya, na mwaka 1965 anashuka melini kusini mwa Greenland. Miaka kama minane, njiani. Mtu yeyote aliyewahi kupangia visa mstari na kuambiwa arudi na karatasi nyingine ataelewa kwamba miaka hiyo si utangulizi wa safari. Ni safari yenyewe.

Sasa angalia anachofanya akifika. Kwanza, anaangaliwa. Watu bandarini wananyamaza wakimwona, watoto wanajificha nyuma ya mama zao. Ni mrefu, ni mweusi, na wengi hawajawahi kuona mtu kama yeye. Kpomassie haifichi aibu ya dakika hiyo, na hailipizi kisasi kwa kuwacheka. Anakubali kuwa kioja cha mtaa. Kisha anaalikwa ndani, na kuanzia hapo kitabu hakitoki tena ndani ya nyumba za watu. Anakula mafuta ghafi ya nyangumi na nyama ya sili. Anajifunza kuendesha mbwa wa kukokota mizigo, na anaona jinsi mbwa hao wakiwa na njaa wanavyoweza kuwa hatari kwa binadamu. Tunajua nani anamdai nani, nani amelewa, nani ana wivu, choo kiko wapi na kinanuka vipi. Ni Greenland yenye umbea. Kwa kipimo changu, hiyo ni sifa kubwa.

Kilele chake kiko kaskazini, Upernavik, kwa mzee anayeitwa Robert Mattaaq. Nyumba ya mzee ni ya udongo na majani, na kuta zake za ndani zimebandikwa kurasa za magazeti na majarida, safu juu ya safu. Ukuta huo unazuia baridi na wakati huo huo ni maktaba. Dunia nzima imegandishwa hapo, na mzee anaijua.

Mtu aliyekulia Eastlands hahitaji kuelezewa ukuta huo. Nyumba ngapi za mbao na mabati zilizibwa nyufa kwa Taifa Leo na kalenda za zamani? Watoto wangapi walijifunza kusoma wakiwa wamelala chali, wakifuata habari ambayo mwisho wake ulikuwa umefunikwa na ukurasa mwingine? Kpomassie alipita mabara mawili na bahari, na mwisho wa barabara alimkuta msomaji. Hakuna mpelelezi mwenye bendera aliyewahi kuleta habari nzuri kama hiyo kutoka kaskazini.

Lakini kitabu kina doa, na doa lenyewe ni la kutufundisha. Kusini mwa Greenland, Kpomassie anakuta watu waliozoea bia, maduka na misaada ya serikali ya Denmark, na anakasirika. Anaona hawafanani na wale wa kwenye kitabu cha Gessain. Kwa hivyo anazidi kwenda kaskazini, akilenga Thule ambako hatafika, akitafuta Greenland "ya kweli" yenye wawindaji. Hapo anafanana kabisa na mgeni anayeshuka JKIA, anaona maghorofa na msongamano wa Jogoo Road, anasema hii si Afrika, kisha anakimbilia Mara. Mlevi wa kusini alikuwa Mgreenland wa kweli sawa na mwindaji wa kaskazini. Na wanawake, ambao wanampokea, wanamlisha na wengine kulala naye, mara nyingi hawapewi nafasi ya kueleza wanachofikiria. Anaingia kwenye nyumba, ndio, lakini kuna vyumba hakuuliza kilichomo.

Na kuna jambo lilikuwa likijengwa wakati huo huo ambalo hamu yake ya mambo ya kale haikulenga. Kati ya 1965 na 1966, mjini Nuuk, ghorofa kubwa iitwayo Blok P ilisimamishwa. Ilikuwa na orofa tano, urefu wa zaidi ya mita 200 na nyumba kama 320. Utawala wa Denmark ulikuwa ukiwahamisha watu kutoka vijiji vya pwani kuwaleta mijini, kwa jina la maendeleo. Inakadiriwa kwamba kuna wakati jengo hilo moja lilikaliwa na mtu mmoja kati ya kila 100 wa Greenland nzima. Michoro ilitoka kwingine. Milango ilikuwa myembamba kwa mtu aliyevaa nguo nzito za uvuvi, hapakuwa na pa kuweka vifaa, na wawindaji waliishia kuchinjia sili kwenye beseni la kuogea. Mwaka 2012 likabomolewa.

Kama unatoka Kaloleni, Makongeni au Shauri Moyo, hiyo ni historia ya familia yako. Mitaa mikongwe ya Eastlands ilichorwa na watu waliohitaji mikono ya reli na viwanda, na ambao walikuwa na hesabu zao kuhusu mfanyakazi Mwafrika anahitaji nafasi kiasi gani. Watu wakaishi humo hata hivyo. Wakapika, wakaoa, wakazika, wakaongeza chumba cha mabati nyuma. Sasa tunaambiwa nyumba ni kuukuu, zipishe maghorofa, kama ilivyokuwa Pangani. Kwa hivyo Aktiki si mbali hivyo. Ni mtaa mwingine uliopangiwa na ofisi.

Aliyeandika kutoka ndani ya mtaa huo ni Niviaq Korneliussen, aliyezaliwa mwaka 1990. Riwaya yake ya kwanza, Homo Sapienne, ilitoka mwaka 2014, na kwa Kiingereza utaipata kama Crimson au Last Night in Nuuk. Vijana watano wa Nuuk wanasimulia kwa zamu: Fia anamwacha mwanamume wake na kumpenda Sara, Inuk anatoroka nchi kwa sababu siri imevuja, Arnaq anajua siri ilivujaje, na Ivik hajijui bado. Theluji ipo, lakini hakuna anayeistaajabia, kama vile hakuna anayeandika mashairi kuhusu vumbi la Kayole. Kuna pati, meseji za simu, hangova, na mji mdogo ambao ukiachana na mtu Ijumaa utakutana naye dukani Jumamosi.

Kilichonishika zaidi ni lugha. Korneliussen aliandika kwa Kigreenland na kukivunja kwa Kidenmark na Kiingereza pale ambapo vijana wa Nuuk wanakivunja, kisha yeye mwenyewe akakitafsiri kwa Kidenmark. Sisi tunaambiwa kila siku kwamba Sheng inaharibu lugha. Huyu mwenzetu, anayeandika kwa lugha yenye wasemaji kama 50,000 tu, aliamua kwamba lugha inayotumika ndiyo hai. Mwaka 2021 alishinda Tuzo ya Fasihi ya Baraza la Nordiki kwa riwaya yake ya pili, inayohusu vijana wanaojiua, jambo ambalo takwimu za Greenland zimelitaja kwa miaka mingi bila kumpa hata mmoja wao sauti. Alikuwa Mgreenland wa kwanza kuipata tuzo hiyo.

Si kwamba Homo Sapienne ni kamilifu. Sauti tano wakati mwingine zinasikika kama mtu mmoja aliyebadilisha koti, na mwisho unafungwa kwa matumaini ya haraka haraka. Lakini ni kitabu chenye majirani kutoka ukurasa wa kwanza hadi wa mwisho. Msomaji haombwi kuhurumia wala kushangaa. Anaombwa tu achague upande kwenye ugomvi.

Soma vitabu hivi viwili pamoja, kwa mpangilio huo. Kpomassie anakupa haki ya kwenda mbali, Korneliussen anakukumbusha kwamba huko mbali ni kwa wenyewe. Na haki ya kwanza ndiyo naona tunanyimwa taratibu. Kijana wa Dandora akiingia kwenye warsha ya uandishi, anaombwa alete stori ya mtaa: polisi, msoto, mtaro. Zinahitajika, na wapo wanaoziandika vizuri sana. Lakini akisema anataka kuandika kuhusu nyangumi, chumba kinacheka. Mtoto wa Oslo akiandika kuhusu Nairobi anaitwa mdadisi. Wa kwetu akiandika kuhusu barafu anaulizwa imemhusu vipi.

Maktaba ya McMillan ilifunguliwa mwaka 1931, na mwananchi mweusi wa Nairobi hakuruhusiwa kuingia kusoma hadi mwaka 1958. Ni karibu na miaka ile ile Kpomassie alipoufungua ukurasa wa Gessain kule Lomé. Wakoloni walijua walichokuwa wakizuia. Mtu akisoma kuhusu kwingine, anaanza kuona kwamba hata kwake pangeweza kuwa tofauti. Leo maktaba hiyo ina matawi Kaloleni na Makadara, na milango iko wazi. Kilichobaki kufunguka ni orodha ya mambo tunayodhaniwa tunayapenda.

Ningependa kumsoma Kpomassie kwa Kiswahili, na sioni kama lugha itakwama. Tunayo barafu na tunayo theluji, zote tulizipata kutoka ng'ambo zamani na kuzifanya zetu, moja ikaishia kunyonywa na watoto nje ya duka. Anayetaka kazi, kazi ndiyo hiyo. Na akimaliza, aende mwenyewe Nuuk, abishe mlango wa mtu, avue viatu, akubali kukodolewa macho. Kisha atuambie jirani anaitwa nani.