Hukumu Imetoka, City Hall Haijalipa

Mpangaji wa Jericho, Maringo au Kaloleni aliyefutwa kazi na Kaunti ya Nairobi, kisha akashinda kesi ya leba, anajikuta pagumu: anayemdai fidia ndiye mwenye nyumba. City Hall itadai kodi ya mwezi huku hukumu ya kumlipa imelala kwenye faili.

Angefutwa na kiwanda cha Industrial Area, dalali wa mahakama angebeba mashine au akaunti ya benki ingezuiwa. Wakili anayekimbilia kesi ya kudharau mahakama kwa deni la namna hiyo kwa kawaida huambiwa arudi akakamate mali.

Kwa serikali mlango huo umefungwa. Kifungu cha 21(4) cha Sheria ya Kesi za Serikali kinakataza mali yake kukamatwa, na kinga hiyo inazifikia kaunti. Lori la taka haliguswi. Inabidi kumfuata binadamu: afisa anayeidhinisha malipo. Kwanza wakili huomba cheti chenye kiasi na gharama, akakifikisha kwa kaunti. Wasipolipa, huomba amri ya kumlazimisha afisa huyo alipe. Akiikaidi amri hii ya pili, ndipo anaposhtakiwa kwa kudharau mahakama.

Mwaka 2020 Jaji John Mativo alitaja mambo 4 ya kuthibitisha: amri iwe wazi, mshtakiwa awe aliijua, awe ameivunja, tena makusudi. Kujua huthibitishwa kwa muhuri wa kupokelea barua, wenye tarehe, kwenye nakala ya wakili. Katika kesi ya Shimmers Plaza ya 2015, Mahakama ya Rufani ilisema ikithibitika mtu aliijua amri, si lazima awe alikabidhiwa mkononi. Ni uamuzi wa haki kwa mfagiaji wa barabara anayezuiwa getini na askari.

Kuhusu makusudi, afisa hujitetea kwamba bajeti haikutenga pesa. Wakili makini hupeleka dai mapema kabla ya Julai 1, mwaka wa fedha unapoanza, ili afisa aulizwe kortini kwa nini deni alilolijua halikuingizwa.

Sheria ya 2016 kuhusu kudharau mahakama ilikuwa imewaongezea maafisa hao ngao: notisi ya siku 30 kabla ya kushtakiwa. Jaji Chacha Mwita aliifuta sheria nzima Novemba 2018, mojawapo ya sababu ikiwa kwamba wananchi hawakushirikishwa.

Wafanyakazi wenyewe hawabembelezwi hivyo. Februari 13, 2017, Jaji Hellen Wasilwa aliwafunga mwezi mmoja viongozi 7 wa chama cha madaktari kwa kukaidi amri ya kusitisha mgomo. Mahakama ya Rufani iliwaachilia siku mbili baadaye. Afisa anayekalia hundi ya mfagiaji anastahili kukabiliwa kwa haraka iyo hiyo. Badala yake, akihamishwa katikati ya kesi, wakili hulazimika kumfuata aliyerithi kiti na kumpelekea nyaraka upya, na ni hapo miezi inapopotea.