Upanga Uliotoka Jukwaani

Watu wengi wakizitazama picha za kale za senema za Ujapani, wakawaona samurai wakikodoa macho na kusimama ghafula katikati ya vita, hucheka. Husema, "Huyu hajui kuigiza." Nadhani kicheko hicho ni cha mtu aonaye tawi asiulize habari za shina.

Shina lenyewe ni kabuki, mchezo wa kale ambao waigizaji wake ni wanaume watupu, hata katika sehemu za wanawake. Humo shujaa, habari ifikapo kileleni, husimama kama sanamu apate kutazamwa, na wajuao humsifu kwa kupaaza sauti. Mwaka 1899 waigizaji wakuu wawili, Ichikawa Danjuro wa tisa na Onoe Kikugoro wa tano, walipigwa picha wakicheza Momijigari. Baadaye Makino Shozo, msimamizi wa nyumba ya michezo huko Kyoto, alimchukua mwigizaji Onoe Matsunosuke, wakafanya picha nyingi mno; zilizosalia ni chache.

Picha hizo zapendeza, lakini mara nyingi chombo cha kupigia picha kimetulia mbali, kama mtazamaji kitini. Twauona mchezo, moyo wa mtu hatuuoni.

Mwaka 1925 ikatokea Orochi, iliyoongozwa na Futagawa Buntaro. Humo Bando Tsumasaburo, naye mwanafunzi wa kabuki, ni samurai maskini ambaye kila atendalo kwa nia njema hugeuka kuwa kosa machoni pa watu. Mwishoni azungukwa na umati wa walinzi, apigana hata nguvu zamwishia, afungwa. Hapa upanga si ngoma tena, ni kilio. Wala hakuyaacha ya jukwaani: mwili ni ule ule uliozoezwa, macho ni yale yale yaliyokodoka, ila sasa twajua sababu.

Tena, picha hizo hazikuwa bubu. Kando yake alikaa msimulizi, aitwaye benshi, akisema maneno ya wote. Azitazamaye katika kimya amepata nusu tu.

Basi Orochi yatuuliza: jina baya alilopewa mtu na jirani zake, je, ni ushahidi wa moyo wake? Tusijibu upesi, kama vile tusivyopaswa kucheka upesi.