Nuru ya Kusadikika

Msomaji, kutoka hapa Pap Onditi hadi ufuko wa Ghuba ya Winam si safari ndefu. Ukilitazama Ziwa Victoria usiku usio na mbalamwezi, mara nyingi utaona taa zikielea juu ya maji mfano wa mji. Hizo ni taa za wavuvi wa dagaa, ambao sisi twawaita omena. Zamani zilikuwa karabai za mafuta ya taa. Siku hizi wengi hutumia taa za betri na za nguvu za jua. Taa ikiisha kuwashwa, samaki hukusanyika chini ya mwanga wake, na wavuvi huwazungushia wavu. Samaki hao hawakuponzwa na giza. Wameponzwa na nuru.

Jambo hili hunijia moyoni kila nisomapo insha za wanafunzi zianzazo kwa maneno, "Elimu ni nuru." Maneno ni mazuri, lakini hayatuambii ni nuru ya taa gani, wala imeshikwa na nani. Ili tujifunze kuuliza hivyo, natwaa kitabu kimoja ambacho yafaa kila mwanafunzi akisome: Kusadikika, cha Shaaban Robert, kilichotolewa mwaka 1951.

Kusadikika ni nchi ya kubuniwa, nayo iko angani. Katika nchi hiyo mtu mmoja aitwaye Karama ashitakiwa na Waziri Majivuno mbele ya mfalme kwa kosa la kuanzisha mafunzo ya uanasheria. Karama aomba nafasi ya kujitetea. Kwa muda wa siku sita asimulia habari za wajumbe sita waliotumwa zamani kuitafutia nchi manufaa: wanne walikwenda pande nne za dunia, mmoja mbinguni, na mmoja ardhini. Kila mmoja alivumilia taabu, akarudi na habari ya mambo mema aliyoyaona, na nchi yake ikamlipa kifungo.

Humo ndimo nionamo falsafa ya nuru. Jina hili ni langu, lakini fikira yenyewe imo katika mpango mzima wa hadithi: aliyeona hutiwa gizani na wale wasioona. Fikira hii ni ya kale. Plato wa Ugiriki, aliyeishi miaka ipatayo 2,400 iliyopita, alisimulia mfano wa watu waliofungwa pangoni tangu utoto, wakitazama vivuli ukutani na kudhani kuwa ndivyo vitu vyenyewe. Mmoja wao afunguliwa, atoka nje, aona jua. Lakini arudipo kuwaeleza wenzake, wamcheka, na kama wangaliweza wangalimwua. Plato alijua alilolisema, kwa kuwa mwalimu wake, Socrates, aliuawa kwa hukumu ya mahakama mwaka 399 kabla ya Kristo, akishitakiwa, pamoja na mengine, kwamba alipotosha vijana. Karama naye ni mwalimu aliyeshitakiwa kwa mafundisho yake.

Lakini, msomaji, hapa sharti tusimame. Ikiwa kila asemaye, "Nimeiona nuru," aaminiwe, basi tutakuwa kama omena. Majivuno naye hutoa maneno yang'aayo, tena asema kwa ajili ya usalama wa nchi. Tutamtambuaje mmoja na mwingine?

Nadhani kitabu chenyewe chatupa vipimo viwili. Cha kwanza ni kukubali kuulizwa. Karama haombi aaminiwe kwa kuwa ni mwema. Atoa habari, siku baada ya siku, mbele ya mshitaki wake, na kuacha wasikilizaji wapime. Si bure kwamba mmoja wa wajumbe aitwa Buruhani, maana yake ushahidi ulio wazi. Kipimo cha pili ni kuuliza nani anafaidika. Taa ya mvuvi humfaidi mvuvi. Samaki hana fungu. Nuru ya wajumbe ilikusudiwa kuwafaidi wale wale waliowafunga. Mwenye kukataa maswali, na ambaye faida yote yamwendea yeye, taa yake ina wavu chini yake, hata akiwa ni mwalimu wako.

Sasa niseme pia nisiloridhika nalo. Kwanza, majina ya watu katika kitabu yatoa siri mapema mno. Mtu akiitwa Majivuno, msomaji hana kazi ya kumpima. Amekwisha hukumiwa kabla hajafungua kinywa. Duniani hatukutani na watu wenye majina ya namna hiyo. Pili, mwisho wa hadithi wategemea moyo wa mfalme. Yeye ndiye amwachiaye Karama na kuwafungua wajumbe. Raia wa Kusadikika hawatendi neno kubwa. Wangoja nuru ishuke kutoka juu.

Yamkini utamtetea mwandishi. Utasema kwamba hadithi za mafumbo zina desturi yake ya majina, na kwamba kitabu kiliandikwa Tanganyika ilipokuwa chini ya utawala wa Waingereza, na mtumishi wa serikali ile, ambaye hakuweza kusema yote waziwazi. Utetezi huo ni wa haki, nami naupokea kwa habari ya majina. Kwa habari ya mwisho wa hadithi bado nasita. Hukumu ya haki itolewayo kwa hisani ya mtu mmoja yaweza kuondolewa naye kesho. Mafunzo ya sheria aliyoyataka Karama maana yake ni kwamba raia wenyewe wajue kudai haki. Na raia hao ndio hasa ambao kitabu kimewasahau. Shaaban Robert alijaliwa kuuona uhuru wa Tanganyika mwezi wa Desemba 1961, akafa mwaka uliofuata. Uhuru ule haukuletwa na huruma ya mfalme. Watu wengi waliudai.

Pamoja na kasoro hiyo, kitabu hiki chastahili kusomwa na kurudiwa. Ukisome kwa kalamu mkononi. Jaribu kusahau maana ya majina, kisha utie alama kila mahali ambapo Majivuno angalikuvuta wewe. Alama hizo zitakufundisha juu ya nafsi yako kuliko sifa zote utakazomwandikia Karama. Na siku nyingine ukitaka kuanza insha yako kwa kusema kwamba elimu ni nuru, andika, lakini sentensi ya pili na iseme nani ameishika taa, na kama anakubali kuulizwa.