Wimbo kama Usemi katika Riso amaro ya Giuseppe De Santis

Wanapohesabiwa waasisi wa uhalisia mpya wa sinema ya Italia baada ya Vita vya Pili vya Dunia, Rossellini, De Sica na Visconti hutangulizwa, naye Giuseppe De Santis (1917–1997) huachwa nyuma. Hata hivyo, De Santis alikuwa mhakiki katika jarida la Cinema kabla ya kuwa mwongozaji, na alishiriki katika utunzi wa Ossessione ya Visconti (1943). Filamu yake mashuhuri, Riso amaro (1949), ililaumiwa na baadhi ya wahakiki wa mrengo wa kushoto, ambao ndio mrengo wake mwenyewe, kwamba imechanganya mapambano ya wavujajasho na visa vya mapenzi, wizi na dansi za Kimarekani. Lawama hiyo yafaa ipimwe upya kwa kuuchunguza usemi wa wahusika.

Filamu yahusu wanawake waliosafiri kila mwaka hadi mashamba ya mpunga ya Vercelli, wakafanya kazi siku 40 wakiwa wameinama majini. Sehemu ya ujira wao ilikuwa mchele. Wakiwa kazini hawaruhusiwi kuzungumza, ila waweza kuimba. Basi mwenye neno la kumwambia mwenziwe hulitia katika wimbo. Wenye mikataba wanapowashambulia wasio nayo, kwanza hujibizana kwa nyimbo, upande huu ukirusha na ule ukirudisha, hata ugomvi ukaishia matopeni. Hapa wimbo si pambo la filamu, bali ni lugha ya waliozibwa vinywa. Bila ya hotuba yoyote, De Santis aonyesha jinsi amri ya mwajiri inavyozaa fani, na jinsi fani hiyo inavyoweza kuwagawanya wanyonge kabla ya kuwaunganisha.

Silvana, mhusika mkuu, anacheza dansi na kusoma magazeti ya hadithi za picha. Wahakiki waliona hapo udhaifu wa mwongozaji. Lakini Silvana ana lugha mbili: ile ya wenziwe shambani, na ile aliyoiazima magazetini. Anamwamini Walter, aliye mwizi, kwa kuwa anafanana na mashujaa wa hadithi hizo. Kwa ajili yake anayafungulia maji yafurike mashambani, na jasho la wenziwe linapotea. Burudani ya kuazima, basi, ni mada inayochunguzwa na filamu yenyewe.

Utetezi huu una mpaka wake. Kamera humwandama Silvana kwa uchu uleule wa biashara ambao kisa kinaushutumu, na umaarufu wa filamu ulitegemea sana umbo la Silvana Mangano. Maudhui yanasema jambo moja, nayo picha inasema jingine.

Neno riso kwa Kiitaliano ni mchele na pia ni kicheko. Mfasiri wa Kiswahili hana budi kuchagua moja, hivyo uchungu wa jina hilo hupungua nusu. Mwishoni, Silvana akiisha kujirusha kutoka juu na kufa, wanawake wanapita mmoja mmoja na kumtupia maiti konzi ya mchele. Wale walionyimwa maneno, wakayatia katika wimbo, sasa hawaimbi. Wanamzika mwenzao kwa ujira wao.